Kwa Nini Mgeni Husindikizwa Hadi Nusu ya Njia

Hebu fikirini, wanangu, kuwa kumekucha. Umeamka, umenawa uso, umechukua ndoo uende kisimani. Unafungua mlango, unainua mguu uvuke kizingiti, na njia haipo. Jana jioni ilikuwa hapo hapo, nyeupe, imelainika kwa nyayo zako mwenyewe. Leo pana majani matupu yenye umande. Unachungulia kushoto, unachungulia kulia, kisha unaiona: imelala nyuma ya jiko la jirani, imejikunja, imeelekea upande usio na kisima wala mtu unayemjua. Utafanya nini? Ndoo unayo mkononi, kiu unayo kooni, na njia imekwenda zake.

Hivyo ndivyo walivyoishi watu wa nchi ya Hamahama zamani hizo. Milima yao ilikaa mahali pake, na mito ilitiririka kama inavyotiririka mito yote, lakini njia zilikuwa na mambo yake. Zilihama kama mifugo. Iliyokupeleka sokoni juzi, leo ilikufikisha kwenye pango la popo. Na nje ya njia hapakupitika, maana majani ya nchi ile yalikuwa marefu kuliko mtu na makali kama kisu. Kwa hiyo watu walizifuata njia popote zilipotaka, huku wakinung'unika. Bwana harusi mmoja alijifukiza udi, akatoka na ndugu zake wakipiga ngoma, wakajikuta wamefika msibani kwa watu wasiowajua. Walikaa, wakatoa pole, wakala wali wa matanga. Wangefanya nini?

Hapakuwa na mtu aliyetulia katika nchi ile. Hata mtu alipokaa na wenziwe, sikio lake moja lilikuwa nje, likisikiliza kama njia yake inajikokota. Mama aliyemtuma mtoto dukani hakupumua vizuri mpaka amwone amerudi. Na watu walipoagana, walisema tu, "Tukionana," wakaishia hapo.

Mtu mmoja ndiye aliyeweza kuzituliza njia hizo. Aliitwa Kidawa, mkazi wa kijiji cha Pindoni. Kidawa alikuwa mchoraji ramani, ingawa hakuwahi kushika kalamu hata siku moja. Ramani zake alizisuka.

Mnaujua ukili: ule utepe mrefu wa miyaa, yaani majani ya ukindu yaliyochanwa, unaosukwa kwa vidole, ambao ukishonwa safu kwa safu hutoa mkeka. Kidawa aliusuka huku akitembea. Aliyetaka njia yake itulie alimwita, akatangulia mbele kuionyesha, naye Kidawa akafuata nyuma, miyaa kwapani, vidole vikienda. Hatua moja, kunjo moja. Penye mlima alikaza. Penye mteremko alilegeza. Penye maji alipitisha mwaa mweusi, na penye njia panda aliacha kitanzi. Wakifika mwisho alifunga fundo, na waliokuwa karibu waliisikia njia ikishusha pumzi, kama punda aliyetuliwa mzigo. Ukili ule ulitundikwa mlangoni kwa mwenyewe, na njia haikwenda popote tena.

Lakini hiyo ilikuwa kwa muda tu. Miyaa hukauka, na ikikauka hupasuka. Ukili ulipoanza kuchanika, njia nayo ilianza kutikisa mkia, na Kidawa akaitwa upya. Hivyo alikuwa mtu wa kuondoka na kurudi, kuondoka na kurudi, mwaka baada ya mwaka. Miguu yake ilizoea mwendo hata ikasahau kukaa. Alipokaa kula, vidole vya miguu vilichezacheza mkekani. Jirani yake Sikudhani, mwanamke mcheshi asiyeacha neno lipite, alimwambia, "Kidawa, wewe ukifa tutakuzika umesimama. Kaburi la kulala litakushinda."

Njia za watu wote zilimtii Kidawa. Moja tu ilimshinda, nayo ndiyo aliyoihitaji kuliko zote. Ilitoka mlangoni kwake kwenda kijiji cha Lukololo, alikoolewa Mize, mtoto wake wa pekee. Watu waliiita njia hiyo Mtukutu. Kidawa aliisuka mara tatu, na mara zote tatu, akishapita nusu ya safari, ukili ulimpinda vidoleni na akajiona anatazama paa la nyumba yake mwenyewe. Mwaka uliopita Mize aliugua homa kali. Mama yake alitoka mbio siku ile ile aliposikia, akahangaika na Mtukutu mchana kutwa kwa siku tatu, akafika na kumkuta mgonjwa amekwisha kupona, yuko uani anapeta mchele.

"Hukuwa na haja ya kujisumbua, mama," alisema Mize, wala hakusema kwa ubaya. Lakini Kidawa aliyabeba maneno hayo kama jiwe ndani ya kiatu.

Sasa basi, mwezi mmoja ulipoandama, alipita Pindoni mzee Farahani, muuza chumvi, aliyekuwa akitokea Lukololo. Aliweka kikapu chake chini, akakohoa.

"Mama Mize, nina salamu zako. Mwanao mimba yake imetimia. Mwezi huu ukiwa mviringo atajifungua. Na amesema hivi, nami nakupa kama nilivyopewa: 'Mwambie mama, safari hii asinikute nimeshamaliza.'"

Kidawa aliinuka. "Mwambie nitakuwepo."

"Nitamwambia," alijibu Farahani akijitwika kikapu. "Njia ikipenda."

Siku hiyo hiyo Kidawa alifunga kifurushi: nguo laini za kumpokelea mtoto, unga wa uji wa mzazi, na pilipili manga ya kuutia huo uji. Lakini kabla hajavuka kizingiti, walifika watu wawili wakikimbia. "Mama Mize, tunakuomba, njia yetu ya shambani imelegea." Akaweka kifurushi, akaenda. Kesho yake alikibeba tena. Akatokea mwanamke na wanawe wanne, wote wamekunja nyuso. "Mama Mize, aibu kusema, lakini tangu asubuhi hatukioni choo chetu." Utamwambia nini mtu kama huyo? Alikwenda.

Siku zikapita hivyo, na mwezi ukanenepa. Kidawa aliutazama kila jioni kwa hofu. Hata kama angeondoka, Mtukutu angemchezesha siku tatu. Na kama Mtukutu angetulia, watu wangemzuia. Ndipo wazo likamjia, akaona ajabu kwamba halikumjia siku zote. Kwa nini azifunge njia moja moja? Atasuka kili zote kwa pamoja, njia zote za Hamahama, azishone ziwe mkeka mmoja. Njia zikikamatana zenyewe kwa zenyewe, ipi itakayoweza kutoroka? Zitulie zote, naye aende kwa mwanawe.

Alifunga mlango, akakaa chini, akaanza. Kwa kuwa hakuweza kuzitembea njia zote kabla mwezi haujawa mviringo, alifumba macho na kuiacha miguu yake ikumbuke, na vidole vikasuka kile miguu ilichokumbuka. Sikudhani alichungulia dirishani.

"Unasuka njia umekaa?"

"Nazijua zote."

"Unazijua, sikatai. Na yule mtu anayetangulia mbele yuko wapi?"

"Sikudhani, niachie nafasi."

"Nafasi unayo, mwenzangu. Nyayo ndizo sizioni."

Na hapo ndipo kosa lilipoingia, wanangu. Lisikilizeni vizuri, kwa kuwa ni mchoraji ramani tu anayeweza kukosea hivi. Kidawa alipokwenda kazini hakuwahi kwenda peke yake. Waliomwita walikuja kumchukua, na njia nzima walimpigia soga: mavuno yamekuwaje, mkwe amesema nini, mbuzi wa nani amekula mahindi ya nani. Hakupata nafasi ya kuitazama njia ya kwendea. Lakini alipokuwa akirudi alikuwa peke yake, amechoka, anaiwaza nyumba yake, na kila hatua aliihesabu. Kwa hiyo miguu yake ilikumbuka jambo moja tu, nalo ni kurudi. Kila ukili aliousuka siku zile ulianzia mbali, ukaishia mlangoni kwake. Naye hakujua.

Zilipobaki siku tatu mwezi uwe mviringo, asubuhi, jua halijapanda sana, Kidawa alishona pindo na kufunga fundo la mwisho. Nchi nzima ya Hamahama ilitulia tuli. Mbwa waliokuwa wakizibwekea njia walinyamaza wakatazamana. Kidawa aliutandika mkeka ule sebuleni, akabeba kifurushi, akatoka.

Mtukutu ilikuwa imelala mbele yake, imenyooka, pole kama kondoo. Kidawa alitembea kwa furaha, akaanza hata kuimba chinichini. Alitembea mpaka akaona paa kwa mbali, limebonyea upande mmoja. Akajiambia: kumbe na watu wa Lukololo wana paa bovu kama langu. Alisogea. Akaona mtungi mlangoni, una ufa. Akajiambia: na mtungi kama wangu. Kisha akamwona Sikudhani amesimama, mikono kiunoni.

"Umeshafika na kurudi? Mtoto gani?"

Kidawa aligeuka akatoka mbio, na safari ile alirudi kwa upande wa jiko. Alipotoka mara ya tatu hakufika mbali, maana alikutana na watu wanakuja.

Wa kwanza alikuwa mwanamke mwenye ndoo, ametoka ng'ambo ya mlima kwenda kisimani. Nyuma yake alikuja mtu anakokota mbuzi aliyekuwa anampeleka kwa wakwe. Kisha watoto watatu waliotumwa chumvi. Kisha mzee aliyenyolewa nusu kichwa, ambaye alitoka tu nje ya kibanda cha kinyozi akung'ute nywele. Kila aliyevuka kizingiti chake siku ile, popote alipokuwa akienda, aliletwa kwa Kidawa. Na kila aliyejaribu kurudi kwao alizunguka kidogo, akatokea tena uani pale pale, safari hii akiwa na hasira zaidi.

Jua lilipofika utosini ua ulikuwa umejaa. Mbuzi alikuwa amekula nusu ya ufagio. Watoto walilia, na watu wazima walizungumza wote kwa pamoja.

"Mwenye nyumba ni nani?" aliuliza yule mzee wa nusu kichwa. "Mimi kinyozi ameshika wembe ananingoja."

"Karibuni, karibuni," alisema Sikudhani akigawa maji. "Jisikieni nyumbani, maana kwenu hakuna njia. Mwenyeji wenu amewasuka nyote."

Kidawa alikuwa katikati yao, anazunguka huku na huku, anamwomba radhi huyu na yule, macho yake yakiwa nje. Ndipo alipoingia mwanamke mrefu aliyefunga kitambaa kichwani, mikono yake imepakwa mafuta hadi viwikoni. Aliwatazama watu wote, akasema kwa mshangao, "Hapa si kwa Mize."

"Mize yupi?" aliuliza Kidawa.

"Mize wa Lukololo. Mimi ni Mwaka, mkunga wake. Uchungu umemshika tangu alfajiri, na nyumba yake ni ya tatu kutoka kwangu. Nimetoka, nikatembea, nikatembea, mpaka jua limefika hapo lilipo. Ninyi ni nani, na kwa nini mmejazana hivi?"

Kidawa alitaka afike kabla ya wote, na kumbe amemwondolea mwanawe hata mtu wa kumshika mkono. Aliingia ndani, akanyakua kisu, akaukamata ule mkeka aukatekate. Bi Mwaka alimfuata, akamdaka kifundo cha mkono.

"Weka kisu."

"Niache! Mwanangu yuko peke yake!"

"Najua. Ndiyo maana nakwambia weka kisu. Mimi kitovu sikati kabla sijafunga. Ukizikata zote kwa mpigo zitatimka, na hakuna atakayefika kokote, wala mimi. Fumua ya kwangu tu. Tuifunge upya tukitembea."

Kidawa aliweka kisu chini. Aliutafuta ukili wa Lukololo, akaufumua kutoka kwenye mkeka, akaichambua ile miyaa, na wote wawili wakatoka. Bi Mwaka alitangulia mbele, Kidawa akafuata akisuka, na ukili uliokamilika aliuacha ulale chini nyuma yao. Vidole vyake vilikimbia. Njia ilitulia chini ya nyayo zao, nzuri, imara, hatua kwa hatua, mpaka walipofika kwenye bonde dogo lenye matete, ambako ni nusu ya safari. Hapo ukili ulimpinda mkononi. Wakainua macho, wakaliona paa lililobonyea.

Kidawa alifumua hatua kumi, akasuka tena. Ukapinda tena. Akafumua, jasho linamtiririka, akasuka huku ameuma meno. Paa likaonekana tena.

"Ngoja," alisema Bi Mwaka. Alikuwa akimtazama miguu, siyo mikono. "Njia za watu wengine zilikutii. Ulizifungaje?"

"Kama hivi. Mwenye njia mbele, mimi nyuma."

"Na ncha mojawapo ilikuwa kwako?"

Kidawa alizikumbuka moja moja. Hapana. Njia alizozifunga zilikuwa za watu wengine, huku na huku, naye hakuwa na chake kwenye ncha yoyote. Hii moja ilianzia mlangoni kwake. Ndiyo maana ilimshinda miaka yote.

"Miguu yako inajua kwenu," alisema Bi Mwaka kwa upole. "Mpaka hapa umenileta vizuri. Kutoka hapa mbele inajua kurudi tu. Lakini mimi miguu yangu inajua Lukololo. Nipe huo ukili."

"Hujui kusuka."

"Nifundishe."

"Na mimi?"

Mkunga alimshika bega. "Ukija nami, sote wawili tutarudi uani kwako."

Kidawa alielewa. Alikuwa ameahidi kuwepo, na ili mtu afike kwa Mize ilimpasa yeye abaki. Alisimama pale matete yakimgusa mabega, akazitazama zile hatua zilizobaki kana kwamba angeweza kuziruka zote kwa mara moja. Kisha akashika mikono ya Bi Mwaka, ile yenye mafuta, akaiweka kwenye miyaa.

"Huu juu. Huu chini. Kunja pembeni. Mguu ukitua, kunja. Hapana, usivute sana. Tena."

Bi Mwaka, aliyepokea watoto wa kijiji kizima bila kutetemeka, alitetemeka kwa ukili. Alikosea, akafumua, akakosea tena. Walisimama hapo kwa muda ambao Kidawa aliuona mrefu kama mwaka, na kwa kuwa walikuwa wamesimama, maneno nayo yakaja. Kidawa alimwambia kuwa Mize tangu utotoni akiumwa hulia kimya kimya, mtu asipomtazama usoni hawezi kujua. Alimwambia ampe uji taratibu, pilipili kidogo tu. Alimkabidhi kifurushi. "Na umwambie..." alianza.

"Nitamwambia ulisimama hapa," alisema Bi Mwaka, akageuka, akaenda. Hatua moja, kunjo moja, ukili umepindapinda, lakini unakwenda.

Kidawa alikanyaga sehemu ile ya ukili walipoachiana, usije ukateleza. Mkunga alipotelea kwenye matete. Kidawa alibaki kusimama. Hakuwahi kusimama mahali pamoja muda wote huo katika maisha yake, na kila mshipa wa miguu yake ulimwambia aende, aende, aende. Hakwenda. Jua lilisogea. Hatimaye alihisi ukili unakaza chini ya unyayo wake, unakaza, unakaza, kisha ukatulia. Fundo lilikuwa limefungwa Lukololo. Njia yote, kutoka ncha hadi ncha, ilishusha pumzi.

Sasa ilikuwa imeshikwa na nyayo za watu wawili, na ingeweza kumpeleka. Aliinua mguu kwenda mbele. Halafu akakumbuka ua wake umejaa watu, na watoto watatu waliotumwa chumvi ambao mama yao sasa anapiga yowe mahali fulani. Alisimama na mguu juu kwa muda mfupi. Kisha akageuka, akarudi nyumbani akikimbia na kulia.

"Sikudhani! Waite majirani wote! Kila mtu achukue mgeni mmoja. Fumueni ukili wa kwao, msuke mpaka nusu ya njia, hapo mumfundishe na kumwachia. Msipite nusu, mtarudi!"

"Na atakayekuwa mzito wa kujifunza?"

"Msimame naye mpaka ajue!"

Watu wa Pindoni, waliomwona Kidawa akisuka miaka yote, walitoka majumbani, wakafumua mkeka ukili kwa ukili, wakaongozana na wageni wao. Kidawa aliwachukua wale watoto watatu. Sikudhani alimchagua mzee wa nusu kichwa. "Huyu nampeleka mwenyewe," alisema, "nikawaeleze kwao kuwa siyo mimi niliyemnyoa." Na jambo la ajabu lilitokea. Waliotoka uani wakigombana walifika nusu ya njia, wakasimama kufundishana, na wakati wa kufundishana wakajua majina, wakacheka, na mgeni alipojua kusuka hawakutaka kuachana. Yule mwenye mbuzi na mwenyeji wake walizungumza mpaka mbuzi akalala.

Jua lilikuwa linakaribia kuzama ukili wa mwisho ulipoondolewa, na mkeka ukawa haupo tena. Hapo ndipo Kidawa alipokwenda. Alipita bonde la matete, na kutoka hapo akakanyaga kazi ya Bi Mwaka, njia yenye matuta na mapindo yasiyo na sababu, na hakuna njia aliyoipenda kuliko hiyo.

Mtoto alikuwa amekwisha kuzaliwa, wa kike, ameoshwa, amefungwa katika zile nguo laini. Mize alikuwa amelala ubavu. Alimtazama mama yake aliyejaa vumbi mlangoni.

"Umenikuta nimeshamaliza," alisema.

"Nimechelewa, mwanangu."

"Bi Mwaka ameniambia uliposimama." Mize alisogea kitandani, akampisha nafasi.

Kidawa alikaa Lukololo siku arobaini. Hakuna aliyekuja kumwita. Watu walikuwa wamejua kuzifunga njia zao wenyewe, mgeni na mwenyeji, nusu kwa nusu, na kila walipotembeleana ukili ulisukwa upya kabla haujakauka. Siku za kwanza miguu yake ilimsumbua, akazunguka uani akihangaika. Baadaye ikazoea.

Siku ya kuondoka ilipofika, alimbusu mjukuu, akatoka. Alipotembea kidogo alisikia nyayo nyuma yake. Mize alikuwa anakuja, mtoto mgongoni.

"Rudi, mwanangu, bado hujapata nguvu. Njia imeshafungwa, haiendi popote."

"Najua."

"Sasa unanifuata kwa nini?"

"Natembea tu," alisema Mize.

Walitembea mpaka kwenye matete, na hapo wakasimama. Siku arobaini walikaa nyumba moja, na kumbe kulikuwa na neno ambalo Mize hakuwahi kuliuliza. Aliliuliza pale, amesimama, akimbembeleza mtoto mgongoni. "Mama, mimi nilizaliwaje?" Na Kidawa, ambaye maisha yake yote alikuwa na haraka, alimsimulia tangu mwanzo, kivuli cha matete kikihama kutoka upande mmoja wa njia hadi mwingine. Alipomaliza, mtoto aliamka na kulia. Basi mmoja akaenda huku, mwingine akarudi kule.

Na ndivyo ilivyo mpaka leo. Mgeni akiaga, mwenyeji huinuka akatoka naye. Hafiki naye hadi kwake. Humfikisha mahali fulani njiani, na hapo wote wawili husimama, na mazungumzo yaliyokosekana ndani ya nyumba hapo ndipo yanapopatikana. Mtaona watu wameagana mara tatu na bado wamesimama. Msiwacheke. Miyaa hatuishiki tena, lakini njia bado zinafungwa vile vile, na ndiyo sababu ukiamka asubuhi unaikuta njia yako mlangoni ilipokuwa jana. Angalieni pia nyumba isiyotoka na wageni wake: njia yake huota majani mapema, kisha hupotea.

Nami nawaombeni mkumbuke jambo moja tu. Mgeni akisema, "Haya, mimi naenda," usimuage ukiwa umekaa. Inuka, utembee naye kidogo.